Rufani za Mashauri ya Ardhi: Mambo ya Kuzingatia kwa Wakazi wa Bagamoyo na Ukanda wa Pwani

Mwananchi aliyeshindwa katika shauri la ardhi mbele ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ana siku 45 za kukata rufani Mahakama Kuu. Siku hizo hazianzi kuhesabiwa siku anapopata wakili, wala siku anaporejea kijijini kuwaeleza ndugu zake matokeo. Zinahesabiwa kuanzia tarehe ya uamuzi. Katika ukanda unaoanzia Bunju, kupita Mapinga, Kerege, Zinga na Kiromo hadi Bagamoyo mjini, ambako mashamba ya minazi na mikorosho yamegeuka viwanja katika kipindi cha kizazi kimoja, kutolijua sharti hilo moja kunaweza kumgharimu mtu urithi wa familia nzima.

Makala haya yanaeleza njia ambayo shauri la umiliki au milki ya ardhi hupitia hadi Mahakama ya Rufani ya Tanzania, muda uliowekwa katika kila hatua, na mambo yanayosababisha rufani nyingi kuanguka kabla hata hoja za msingi hazijasikilizwa. Sheria zinatajwa kwa majina yake badala ya namba za vifungu, kwa kuwa Toleo la Marejeo la Sheria la mwaka 2023, lililoanza kutumika Julai 1, 2025, limebadili namba za vifungu katika baadhi ya sheria, na msomaji mwenye nakala ya zamani anaweza kupotea.

Ardhi yenye tabaka nyingi za umiliki

Migogoro ya Bagamoyo ina sura yake. Mji huu ulikuwa makao makuu ya utawala wa Wajerumani hadi mwaka 1891, na baadhi ya maeneo ya pwani yaliwahi kumilikishwa kwa hati za umiliki wa moja kwa moja tangu wakati huo. Hati hizo zilifutwa na kugeuzwa kuwa za upangaji kutoka Serikalini kwa sheria ya mwaka 1963. Kando yake kulikuwa na mashamba makubwa ya mkonge na minazi, na kati ya mashamba hayo wenyeji waliendelea kumiliki kwa taratibu za kimila bila karatasi yoyote. Baadaye vikaja vijiji, kisha upimaji wa viwanja, kisha mipango ya bandari na eneo maalumu la uchumi. Si ajabu, kwa hiyo, kipande kimoja cha ardhi kikawa na watu watatu, kila mmoja akiwa na msingi wake: mmoja ana miembe ya babu yake, mwingine ana barua ya mauziano yenye muhuri wa serikali ya kijiji, na wa tatu ana hatimiliki.

Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999 na zilizoanza kutumika Mei 1, 2001, zinatambua hakimiliki ya kimila kuwa na hadhi sawa na hakimiliki iliyotolewa kwa hati. Kabla ya hapo mambo yalikuwa tofauti. Katika uamuzi wake mmoja, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba mwenye ardhi ya kimila ambaye eneo lake limetangazwa kuwa la mipango miji anapaswa kuharakisha kuomba hakimiliki, kwa kuwa asipofanya hivyo ardhi inaweza kutolewa kwa mwombaji mwingine. Onyo hilo linafaa kukumbukwa hadi leo katika kata ambazo ramani za mipango miji zinaingia mashambani. Sheria inalinda haki ya kimila, lakini mwenye haki hiyo ndiye anayetakiwa kuithibitisha pale mwingine anapotokea na hati.

Kuhusu miti, ufafanuzi ni muhimu. Pwani ni jambo la kawaida shahidi kuonesha mpaka kwa minazi na mikorosho, na mabaraza hupokea ushahidi huo kama dalili ya matumizi ya muda mrefu. Hata hivyo, desturi ya pwani tangu zamani imetofautisha mwenye mti na mwenye ardhi, na mtu aliyekaribishwa kupanda au kuishi katika shamba la mwenzake hageuki kuwa mmiliki kwa sababu tu miaka imepita. Anayetegemea miti peke yake anahitaji mashahidi wa kueleza nani aliipanda, kwa ruhusa ya nani, na kama kuna aliyewahi kupinga.

Shauri linaanzia wapi

Mfumo wa sasa uliwekwa na Sheria ya Mahakama za Utatuzi wa Migogoro ya Ardhi ya mwaka 2002, iliyoanza kutumika Oktoba 1, 2003. Sheria hiyo iliziondolea mahakama za mwanzo, za wilaya na za hakimu mkazi mamlaka ya kusikiliza migogoro ya ardhi, na kuyakabidhi mabaraza.

Baraza la Ardhi la Kijiji lina wajumbe saba, watatu kati yao wakiwa wanawake, na kazi yake ni kusuluhisha. Baraza la Kata lilikuwa na mamlaka ya kuamua mashauri ambayo thamani ya ardhi haizidi shilingi milioni tatu, lakini marekebisho ya sheria ya Oktoba 2021 yaliliondolea mamlaka hayo. Tangu hapo Baraza la Kata linasuluhisha tu. Lina siku 30 za kufanya hivyo, na Baraza la Wilaya halipokei shauri mpaka Baraza la Kata lithibitishe kuwa usuluhishi umeshindikana. Siku 30 zikipita bila kukamilika kwa usuluhishi, mwananchi anaweza kwenda Baraza la Wilaya bila cheti hicho. Jambo hili dogo ndilo linalozua mapingamizi mengi: mdai anakwenda moja kwa moja wilayani kwa kuona kata inampotezea muda, anashinda, na miaka miwili baadaye Mahakama Kuu inafuta kila kitu kwa sababu shauri lilipokelewa kabla ya wakati wake.

Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya husikiliza mashauri ya kurejeshewa milki ya ardhi au nyumba yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300, na mashauri mengine ya ardhi yasiyozidi shilingi milioni 200. Juu ya viwango hivyo shauri linafunguliwa Mahakama Kuu moja kwa moja. Wenye viwanja vya ufukweni wanapaswa kulipa jambo hili uzito kabla ya kufungua shauri, kwa kuwa thamani ya miaka kumi iliyopita si ya leo, na baraza lililosikiliza shauri lililozidi mamlaka yake limefanya kazi bure.

Mashauri yanayoihusu Serikali yana njia yake. Marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali yanataka mdai atoe notisi ya siku 90, afungue shauri Mahakama Kuu, na amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Masharti haya yanahusu pia mamlaka za serikali za mitaa. Mkazi anayebishana na halmashauri kuhusu eneo la shule au barabara, akafungua shauri katika Baraza la Wilaya dhidi ya halmashauri peke yake, anajenga juu ya mchanga hata kama ushahidi wake ni mzuri.

Hesabu ya siku

Siku ya kutolewa hukumu haihesabiwi. Tuchukue mfano wa hukumu ya Baraza la Wilaya iliyosomwa Jumatatu, Machi 3, 2025. Siku ya kwanza ni Machi 4, na siku ya 45 ni Alhamisi, Aprili 17, 2025. Kesho yake ilikuwa Ijumaa Kuu. Mrufani aliyedhani ana mwezi mmoja na nusu “hivi”, akapanga kushughulikia baada ya Pasaka, alikuwa amechelewa. Siku ya mwisho ikiangukia sikukuu, sheria humruhusu mhusika kuwasilisha siku ya kazi inayofuata, lakini nafuu hiyo haimsaidii ambaye siku yake ya mwisho ilikuwa siku ya kazi.

Rufani huwasilishwa Mahakama Kuu kwa hati ya sababu za rufani, ikiambatishwa nakala ya hukumu na ya tuzo. Kwa hiyo hatua ya kwanza, siku hiyo hiyo ya hukumu ikiwezekana, ni kuandika barua ya kuomba nakala za hukumu, tuzo na mwenendo wa shauri, na kubaki na nakala ya barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Sheria ya Ukomo wa Muda inaruhusu siku zilizotumika kusubiri nakala za hukumu na tuzo ziondolewe kwenye hesabu, na barua hiyo ndiyo inayoonesha kusubiri kulianza lini. Asiyekuwa nayo atabaki kueleza kwa mdomo, na maelezo ya mdomo katika hatua hii hayana uzito mkubwa.

Nakala zikitoka, zikaguliwe palepale. Majina ya wahusika yawe sahihi, eneo lililotajwa kwenye tuzo liwe ndilo lililotajwa kwenye hukumu, na tarehe ya tuzo iwe ndiyo tarehe ya hukumu. Makosa ya aina hii yanarekebishwa kwa urahisi na baraza lenyewe, lakini yakifika mahakama ya juu yanakuwa pingamizi.

Nyaraka sasa zinawasilishwa kwa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama. Ni vema namba ya malipo ilipiwe siku hiyo hiyo, kwa kuwa imekuwa hoja ya mara kwa mara mahakamani iwapo waraka uliowasilishwa bila ada kulipwa unahesabika kuwa umepokelewa. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama na mabaraza, na mwananchi anaweza kuandika sababu zake za rufani kwa lugha hiyo.

Yapo mazingira ambayo rufani si njia ya kwanza. Shauri likiamuliwa upande mmoja bila mdaiwa kuwapo, jambo linalowakuta mara nyingi watu wanaoishi Dar es Salaam na wenye mashamba Bagamoyo, mdaiwa anatakiwa kwanza kuliomba baraza lililotoa uamuzi liutengue, ndani ya siku 30, akieleza kwa nini hakufika. Baraza likikataa, ndipo anakwenda Mahakama Kuu. Uamuzi mdogo unaotolewa katikati ya shauri, usiolimaliza shauri, nao haukatiwi rufani. Na mtu ambaye hakuwa mhusika kabisa, lakini anashtuka kuona dalali wa baraza anapima shamba lake, hana rufani ya kukata. Njia yake ni kuwasilisha pingamizi dhidi ya utekelezaji, au kuomba mapitio katika mahakama ya juu.

Rufani inaangalia nini

Wananchi wengi huiona rufani kama nafasi ya pili ya kusimulia mgogoro. Mtazamo huo ndio unaowaponza. Mahakama Kuu katika rufani ya kwanza inaweza kuupima upya ushahidi wote na kufikia hitimisho lake, lakini inaupima kutoka kwenye kumbukumbu zilizoandikwa barazani. Shahidi ambaye hakuitwa, risiti ambayo haikupokelewa kama kielelezo, na mpaka ambao haukuelezwa, kwa kawaida havipo tena. Ushahidi mpya unaruhusiwa kwa nadra na kwa sababu maalumu. Kazi ya kushinda rufani, kwa hakika, inafanyika miaka kadhaa kabla ya rufani yenyewe.

Kanuni za Mabaraza za mwaka 2003 zinataka maombi yaeleze mahali ardhi ilipo. Kwa kiwanja kilichopimwa, namba ya kiwanja na kitalu hutosha. Kwa shamba lisilopimwa la Makurunge au Fukayosi, maelezo ya “ekari tano zilizopo kijijini” hayatoshi. Majirani wa pande zote nne wanapaswa kutajwa, pamoja na alama za kudumu. Mahakama za juu zimefuta mashauri kwa sababu haikujulikana amri itekelezwe wapi. Baraza likitembelea eneo, wahusika wote wanapaswa kuwapo, yanayoonekana yaandikwe, na maelezo hayo yasomwe baadaye mbele yao. Mwananchi anayeona baraza limetembelea shamba bila upande mmoja ana haki ya kuomba jambo hilo liingizwe kwenye kumbukumbu.

Mauziano yanahitaji uangalifu wa pekee. Mahakama ya Rufani imeshikilia kwamba mauzo ya ardhi ya kijiji bila idhini ya halmashauri ya kijiji hayana nguvu kisheria. Saini ya mwenyekiti wa kitongoji na mashahidi wawili si idhini ya halmashauri ya kijiji. Mnunuzi anapodaiwa na mtu wa tatu, aliyemuuzia naye anapaswa kuunganishwa kwenye shauri, kwa sababu haki ya mnunuzi haiwezi kuwa kubwa kuliko ya aliyemuuzia. Kumwacha nje muuzaji ni kasoro inayoweza kurudisha shauri mwanzo.

Kuna pia hoja ya miaka 12, ambayo husikika sana katika maeneo yenye mashamba makubwa yaliyoachwa. Sheria ya Ukomo wa Muda inampa mwenye ardhi miaka 12 ya kudai kurejeshewa. Wengi wanaigeuza hoja hiyo na kusema kwamba aliyekaa miaka 12 amekuwa mmiliki. Katika Rufani ya Madai Na. 193 ya 2016, iliyowahusu wadhamini wa shirika la Masista wa Roho Mtakatifu dhidi ya wananchi 137, Mahakama ya Rufani iliweka masharti magumu kwa anayedai kwa njia hiyo, na wananchi hao hawakufaulu. Anatakiwa kuonesha kwamba mwenye ardhi aliitelekeza, kwamba aliikalia waziwazi bila ruhusa na bila kukatishwa kwa muda wote huo, na kwamba hakuwa na msingi mwingine wa kuingia. Anayesema alinunua au alipewa na kijiji, kisha akaongeza kwamba kwa vyovyote amekaa miaka 12, anajipinga mwenyewe.

Kwa madai ya pamoja, mfano wa kale bado una mafunzo. Katika rufani kati ya Shirika la Taifa la Kilimo na Chakula, NAFCO, na Halmashauri ya Kijiji cha Mulbadaw huko Hanang, iliyochapishwa katika Ripoti za Sheria za Tanzania za mwaka 1985, wanakijiji walikuwa wameshinda Mahakama Kuu dhidi ya shamba la ngano. Mahakama ya Rufani ilitengua ushindi huo. Kijiji hakikuthibitisha kwamba eneo lote lilikuwa lake kisheria, na wanakijiji waliodai haki binafsi walitakiwa kuithibitisha kila mmoja kwa upande wake, si kwa ushahidi wa wachache. Vikundi vinavyodai kwa jina la kijiji au ukoo katika ukanda wa pwani vinakabiliwa na swali lile lile: nani hasa ndiye mdai, na ana haki gani ya kusimama mahakamani?

Swali hilo ni kali zaidi katika shamba la urithi. Mzee akifariki dunia, shamba halihamii kwa mtoto mkubwa kwa sababu tu ndiye aliyebaki analilima. Kabla ya kumshtaki mvamizi, familia inatakiwa kuteua msimamizi wa mirathi kupitia mahakama, na huyo ndiye anayefungua shauri. Mashauri mengi ya familia yamefutwa katika ngazi ya rufani kwa sababu mdai hakuwa na barua ya usimamizi, ingawa hakuna aliyebisha kwamba alikuwa mtoto wa marehemu. Mirathi yenyewe inapofunguliwa Mahakama ya Mwanzo, rufani yake inakwenda Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30, na kutoka hapo Mahakama Kuu ndani ya siku 30. Isichanganywe na siku 45 za Baraza la Ardhi.

Kasoro za utaratibu na gharama yake

Rufani inaweza kufaulu bila mrufani kupata ardhi, na jambo hili halisemwi vya kutosha. Sheria iliyoanzisha Mabaraza ya Wilaya ilimtaka mwenyekiti aketi na wazee wa baraza wasiopungua wawili, na Kanuni za mwaka 2003 zikawataka wazee hao watoe maoni kwa maandishi kabla ya hukumu. Mahakama ya Rufani ilibatilisha mashauri mengi ambamo maoni hayo hayakusomwa mbele ya wahusika. Matokeo ya ubatilisho huo ni kuanza upya. Mshindi anapoteza hukumu yake, aliyeshindwa hapati shamba, mashahidi wazee wameshafariki dunia, na gharama zimeongezeka kwa pande zote.

Kwa hiyo anayekata rufani kwa hoja ya utaratibu peke yake ajiulize kama ana ushahidi wa kushinda shauri litakaporudi. Na aliyeshinda barazani asikae kimya akiona kasoro. Ni kwa faida yake kuomba irekebishwe mapema. Marekebisho ya mwaka 2018 yanazitaka mahakama zitende haki bila kufungwa na masuala madogo ya kiufundi, na zimefanya hivyo mara kwa mara. Lakini zimesisitiza pia kwamba kanuni hiyo haiponyi ukosefu wa mamlaka wala kuchelewa.

Rufani haizuii utekelezaji

Kuwasilisha rufani hakumzuii mshindi kukaza hukumu. Familia inaweza kuwa na rufani halali mahakamani na bado ikaamka asubuhi na kumkuta dalali akiwa na amri ya kuvunja nyumba. Ulinzi unapatikana kwa maombi mengine, ya kusimamisha utekelezaji wa hukumu, na mwombaji anatakiwa kuonesha kwamba amekuja bila kuchelewa, kwamba atapata hasara kubwa hukumu ikitekelezwa, na kwamba yuko tayari kutoa dhamana. Kwa rufani iliyoko Mahakama ya Rufani, maombi hayo yanawasilishwa ndani ya siku 14 tangu mhusika apokee taarifa ya utekelezaji. Tarehe ya kupokea taarifa hiyo iandikwe, kwa kuwa hata anayekataa kusaini huhesabiwa siku zake iwapo itathibitika alifikishiwa.

Mshindi naye ana la kuzingatia. Kuuza eneo au kuanza ujenzi mkubwa wakati rufani inaendelea ni kujiingiza katika hasara, na mnunuzi wa eneo hilo hurithi mgogoro.

Aliyechelewa

Mahakama Kuu inaweza kuongeza muda wa kukata rufani kwa sababu za msingi, kabla au baada ya siku 45 kupita. Vigezo vinavyotumika sana vilielezwa katika Maombi ya Madai Na. 2 ya 2010, kati ya kampuni ya Lyamuya Construction na wadhamini wa chama cha YWCA Tanzania. Mwombaji aeleze kipindi chote cha kuchelewa, kuchelewa kusiwe kwa muda uliopitiliza, aoneshe bidii badala ya uzembe, na mahakama inaweza pia kuangalia kama kuna hoja nzito ya kisheria, kama vile uharamu katika uamuzi unaopingwa.

Kila siku ya kuchelewa inatakiwa kuelezwa. Hati ya kiapo inayosema mwombaji “alikuwa mgonjwa” bila cheti cha hospitali chenye tarehe, au “alikuwa akitafuta fedha za wakili” bila maelezo zaidi, mara nyingi hukataliwa. Uzembe wa wakili, kwa kawaida, haukubaliwi kuwa sababu. Hoja ya uharamu nayo inatakiwa ionekane wazi kwenye uamuzi wenyewe, si itafutwe kwa mabishano marefu.

Mahakama ya Rufani

Asiyeridhika na uamuzi wa Mahakama Kuu anawasilisha taarifa ya kusudio la kukata rufani ndani ya siku 30, na nakala yake anampa mjibu rufani ndani ya siku 14 baada ya kuiwasilisha. Ndani ya siku hizo hizo 30 anatakiwa kuomba kwa barua mwenendo wa shauri, na barua hiyo pia ampe mjibu rufani. Rufani yenyewe inawasilishwa ndani ya siku 60 tangu taarifa ilipowasilishwa. Siku alizosubiri nakala zinaweza kuondolewa kwa cheti cha msajili, lakini nafuu hiyo inamkosa ambaye hakumpelekea mwenzake barua. Msajili anatakiwa kuwa na nakala tayari ndani ya siku 90, na mrufani asiyeitwa anatakiwa kufuatilia mwenyewe ndani ya siku 14 baada ya hapo.

Hatua moja ngumu imeondolewa. Kwa miaka mingi mwananchi alilazimika kwanza kuomba kibali cha kukata rufani katika mashauri ya ardhi, na maombi hayo yalichukua muda mrefu na kuwakwamisha wengi. Sheria Na. 11 ya mwaka 2023 imefuta sharti hilo kuanzia Desemba 1, 2023. Mashauri yaliyoanzia Baraza la Kata enzi za mamlaka yake ya kuamua yanabaki na sharti la cheti cha Mahakama Kuu kinachothibitisha kuwepo kwa hoja ya kisheria.

Mahakama ya Rufani haipendi kugusa matokeo ya ushahidi ambayo ngazi mbili za chini zimekubaliana, isipokuwa pale ushahidi ulipoeleweka visivyo. Mwananchi aliyeshindwa barazani na Mahakama Kuu kwa sababu ile ile ya ushahidi apate ushauri wa kweli kabla ya kuuza mali nyingine kugharamia safari ya tatu.

Msaada na taarifa

Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawawezesha wasio na uwezo kupata huduma kutoka kwa watoa msaada na wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa, na Kampeni ya Msaada wa Kisheria ya Mama Samia, iliyozinduliwa mwaka 2023, imekuwa ikipeleka huduma hizo mikoani. Mwenye rufani na asiyemudu ada anaweza kuiomba mahakama imsamehe. Maamuzi ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani yanasomwa bure katika tovuti ya TanzLII, na mwananchi anaweza kutafuta humo mashauri yanayofanana na lake.

Anayekwenda kuomba ushauri abebe hukumu, tuzo, barua ya kuomba nakala yenye muhuri wa kupokelewa, stakabadhi za ada, barua ya usimamizi wa mirathi kama shamba ni la urithi, na karatasi moja aliyoandika tarehe za kila tukio tangu shauri lilipofunguliwa. Mshauri ataisoma karatasi hiyo ya tarehe kabla ya nyingine zote.